Mfalme wa hadithini naye aipokee sarafu yake

Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niwafikie watunzi wa hadithi za milki za kufikirika, zile zenye wafalme, majoka na wachawi, ambazo nimezisoma kwa mapenzi kwa miaka mingi na ambazo nafurahi kuona zinaandikwa kwa Kiswahili. Sheria ya sarafu katika milki hizo huandikwa kana kwamba upanga peke yake unatosha kuitia nguvu. Mfalme mpya anaketi kitini, anaamuru sarafu za mtangulizi wake zifutwe na zipokewe zile zenye sura yake tu, anatangaza kwamba atakayezikataa atakatwa mkono, na katika sura inayofuata tunaikuta nchi nzima ikinunua na kuuza kwa sarafu mpya bila hata mtu mmoja kunung'unika. Hapo ndipo ninapoiweka hadithi chini, maana mtunzi aliyefaulu kunisadikisha kwamba joka linaruka ameshindwa kunisadikisha juu ya muuza chumvi.

Tumtazame muuza chumvi huyo. Ana sarafu kumi za zamani za fedha safi, na sasa amelipwa kumi mpya zilizochanganywa na shaba nusu kwa nusu, huku sheria ikisema kwamba zote zina thamani moja. Atazipima kiganjani, atazigonga juu ya jiwe asikilize mlio wake, kisha atazitumia mpya popote atakapodaiwa, na zile za zamani atazifukia chini ya mafiga. Jirani yake atafanya vivyo hivyo, na baada ya misimu michache ya mavuno fedha safi ya milki nzima itakuwa imezikwa ardhini au imevushwa mpaka, na aliyeifukuza ni mfalme mwenyewe kwa amri yake. Kanuni hii wanauchumi wameipa jina la Thomas Gresham, mfanyabiashara aliyemshauri Malkia Elizabeth wa Kwanza wa Uingereza, ingawa watu waliijua kabla yake. Baba wa malkia huyo, Henry wa Nane, katika miaka ya 1540 alipunguza fedha katika sarafu zake hata shaba ikawa inachungulia penye pua ya sura yake kila sarafu ilipochakaa, na raia wakambandika jina la Pua ya Shaba. Sijasoma bado hadithi ya kubuni iliyomwadhibu mfalme kwa namna inayomfaa hivyo.

Kinachoishikilia sarafu ni mlango wa hazina. Sarafu ambayo mfalme anaipokea kwa kodi, ushuru na faini, kwa thamani ileile aliyoitangaza, itatafutwa na watu hata kama hawampendi, na ile anayowalazimisha wenzake kuipokea huku yeye akidai dhahabu itakimbiwa hata na walinzi wake. Marco Polo, msafiri wa Venisi, ameeleza jinsi Kublai Khan, mtawala wa Kimongolia wa China, alivyotoa pesa za karatasi iliyotokana na magome ya miforosadi, na kwamba aliyethubutu kuzikataa aliuawa. Watunzi wengi huichukua adhabu hiyo wakaishia hapo. Lakini maelezo yayo hayo yanasema kwamba mwenye karatasi iliyochakaa aliirudisha akapewa mpya kwa kukatwa asilimia 3, na kwamba aliyetaka dhahabu au fedha ya kutengenezea vyombo aliweza kuinunua kwa mtawala kwa karatasi hizo hizo. Hilo ndilo lililozipa heshima. Warithi wake walipochapisha kupita kiasi, thamani yake iliporomoka.

Jambo jingine linalorukwa ni siku ya mwisho ya kupokea sarafu za zamani, na mimi naliona ndilo lenye utajiri mkubwa zaidi kwa msimuliaji. Uingereza ilipozikusanya sarafu za fedha zilizokatwakatwa kingo, mwaka 1696, sheria iliruhusu zipokewe kwa kodi hadi mapema mwezi Mei. Mwenye kodi kubwa ya kulipa alizitua zote kwa mtoza kodi kwa thamani kamili, na maskini, ambaye hakuwa na kodi ya kulipa, akabaki na vipande ambavyo mwuza mkate hakuvitaka. Mtunzi akiiweka tarehe ya namna hiyo katika milki yake, hatahitaji vita ili msomaji afunue ukurasa unaofuata.

Katika nchi yenye wachawi ukimya wa sheria ni kosa kubwa zaidi. Mwaka 1404 Uingereza ilipitisha sheria ya kumkataza mtu yeyote kuzidisha dhahabu au fedha kwa ufundi wa alkemia, yaani ujuzi wa kale wa kujaribu kugeuza madini duni kuwa dhahabu, na sheria hiyo haikufutwa hadi 1689, ilhali hakuna mwanaalkemia hata mmoja aliyewahi kufaulu kuyageuza madini ya risasi kuwa dhahabu. Ikiwa dola iliogopa jambo lisilowezekana kwa karibu miaka mia tatu, siwezi kuelewa milki ambamo mchawi anageuza kokoto kuwa dinari mchana kweupe, na waziri wa hazina hana hata kifungu kimoja cha kumzuia wala jiwe la kupimia dinari zake.

Wapo watakaosema kwamba mambo haya yataikausha hadithi. Sikubaliani nao. Sarafu za shaba za masultani wa Kilwa ziliandikwa maneno ya Kiarabu yenye vina, sifa za Mungu upande mmoja zikiitikiana na jina la sultani upande wa pili, na mtu aliyezishika alishika amri ya dola na ubeti wa shairi kwa pamoja.

Kwa kuwa gazeti lako huchapisha hadithi, naomba anayezipitia amwulize kila mtunzi aliyemwekea mfalme wake amri ya sarafu: kodi italipwa kwa sarafu ipi, ni nani atakayezipima, na mjane aishiye mbali na mji mkuu atapata habari lini kwamba alizonazo zimefutwa.

Msomaji wako wa siku nyingi