Asparaga na tui la nazi vinapatana, tatizo ni mpangilio wa kupika

Mhariri,

Naomba nafasi katika safu ya barua niseme machache kuhusu pishi la asparaga (mboga ya machipukizi inayoliwa sana Ulaya) kwa tui la nazi, ambalo ukurasa wenu wa mapishi uliwatolea wasomaji walioko Ulaya, na kuhusu barua ya msomaji aliyelijibu kwa kudai kwamba mboga ya Wazungu haina udugu na nazi. Mimi naishi Berlin, na kila mwaka kuanzia katikati ya Aprili, asparaga za Beelitz, mji ulio karibu na hapa, zinapoanza kuuzwa kwenye vibanda vya kando ya barabara, kwangu hupikwa kwa nazi na pilipili, na wageni Wajerumani hula wakaongeza. Wazo la mwandishi wenu ni zuri. Kilichomharibia ni mpangilio.

Pishi lile linaelekeza asparaga zikatwekatwe, zitiwe sufuriani pamoja na vitunguu, nyanya, bizari na tui, kisha vyote vitokote mpaka vilainike. Hivyo ndivyo tunavyopika maharage, nayo yanastahimili. Asparaga ni chipukizi. Ya kijani, hasa ikiwa nyembamba, huiva kwa dakika 5 hadi 8. Nyeupe, ambayo ni nene na lazima imenywe kuanzia chini kidogo ya kichwa kwenda shinani, huhitaji dakika 12 hadi 15, na ikipita hapo sana hubaki nyuzinyuzi ndani ya rojo. Tena ile nyeupe ni nyeupe kwa sababu mkulima ameifukia kwa tuta la udongo ili isione mwanga, kisha ikachimbuliwa kwa mkono, moja moja. Mtu ailipie bei ile kwa ajili ya weupe wake na ladha yake ya upole, halafu tumwambie aizamishe kwenye nyanya na bizari!

Wenyeji huila kwa viazi na siagi iliyoyeyushwa, au kwa mchuzi mzito wa siagi na viini vya mayai uliokamuliwa limau. Maana yake ni kwamba mboga hii inataka mafuta na uchachu kidogo, basi. Tui linatosha kushika nafasi ya siagi, na ndimu inajulikana kazi yake, kwa hiyo sioni huo uhasama anaousema msomaji mwenzangu. Mpwani yeyote aliyepika mchicha wa nazi anajua kuwa tui jepesi hutangulia na tui zito humalizia, na utaratibu huohuo ndio unaofaa hapa. Maganda na vipande vigumu vya mwisho wa shina visitupwe. Vichemshwe kwa dakika 15, vichujwe, na supu yake ichanganywe na tui jepesi, kitunguu saumu na tangawizi iliyotwangwa, bila nyanya, na bizari ya manjano isizidi ncha ya kijiko. Zile nyeupe ziingie kwanza, za kijani zifuate zikikaribia kuiva, na tui zito liingie mwisho kabisa, likikorogwa taratibu juu ya moto mdogo lisije likakatika. Kwa asiye na mbuzi wala kifumbu huku ugenini, kopo la mililita 400 ambalo halijatikiswa, na ambalo halikutiwa kemikali za kuzuia tui lisitengane, huwa limeshajigawa lenyewe, zito juu na jepesi chini.

Kuhusu pilipili sina budi kuwa mkali kidogo. Mwandishi wenu anaikaanga pamoja na vitunguu tangu mwanzo, na kwa kuwa kile kinachowasha huyeyuka katika mafuta, ukali husambaa sufuria nzima na hapo hakuna tena wa kuupunguza. Mboga laini namna hii inataka pilipili mbuzi moja, nzima, pamoja na kikonyo chake, ielee juu ya mchuzi na kugeuzwa kwa mwiko kwa uangalifu mpaka harufu yake iingie, kisha iopolewe kabla haijapasuka. Wanaopenda kutoka jasho wawekewe pembeni pilipili ya kusaga yenye ndimu na chumvi. Mimi huandaa na viazi vipya vilivyochemshwa na maganda yake, pamoja na kachumbari ya figili, ambazo nazo hujaa sokoni msimu huu; wali pia unafaa, ingawa naona unaimeza mboga.

Jambo moja la usalama halikutajwa. Pishi liliwashauri wasomaji waongeze majani ya kitunguu saumu mwitu yanayoota misituni huku wakati wa machipuko. Majani hayo hufanana mno na ya ua la Maiglöckchen, ambalo ni sumu, kwa hiyo mgeni asiyeyajua na ayanunue sokoni, asiende kuyachuma mwenyewe.

Nauomba ukurasa wenu ulichapishe pishi hilo upya, likiwa na dakika za kila hatua na tofauti ya asparaga nyeupe na ya kijani, na ufanye hivyo mapema. Kwa desturi uvunaji hapa husimamishwa tarehe 24 Juni ili mmea upate nguvu za mwaka unaofuata, na baada ya hapo msomaji wenu atabaki na zile zinazoletwa kwa ndege kutoka Peru.

Msomaji wenu,
Berlin, Ujerumani