Meli za mchele zisitie nanga wakati wa mavuno

Kwako Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumzie uagizaji wa mchele bila ushuru, suala linalozuka kila bei inapopanda.

Sipingi kuagiza. Kenya huvuna chini ya robo ya mchele inaoula, na mama wa Mombasa anayepikia watoto wali hawezi kuambiwa asubiri mpunga wa Mwea, huku kwetu Kirinyaga, uive. Ninachopinga ni wakati unaochaguliwa. Julai 2025 serikali iliruhusu tani 500,000 ziingizwe bila ushuru hadi mwisho wa Desemba, kabla ya Mahakama Kuu ya Kerugoya kusitisha agizo hilo kwa muda. Ilhali kila mkulima hapa anajua kwamba mpunga unaopandikizwa Julai na Agosti huanza kuvunwa Novemba. Meli zikishusha shehena majuma hayo, dalali anayefika mashambani na mizani yake hutaja bei apendayo, nasi, tukiwa na madeni ya mbolea na trekta, hatuna uwezo wa kuweka magunia ndani tukisubiri bei nzuri.

Isitoshe, mlaji amekwisha kupewa nafuu: Kenya hutoza mchele wa nje ushuru wa asilimia 35, wakati kiwango cha pamoja cha Jumuiya ya Afrika Mashariki ni asilimia 75.

Wanaoamini kwamba mchele wa ng'ambo utapatikana daima wakumbuke Julai 2023, India, inayouza takriban asilimia 40 ya mchele wote unaouzwa baina ya mataifa, ilipopiga marufuku kuuza nje mchele mweupe usio basmati ili kuwalinda raia wake, na haikuondoa marufuku hiyo hadi Septemba 2024. Mkulima aliyekwisha kupata hasara misimu miwili akageukia nyanya hawezi kurudishwa jarubani kwa tangazo la redio siku meli zitakapokosekana.

Tangu Bwawa la Thiba, linalomwagilia maji mashamba ya Mwea, likamilike mwaka 2022, tumetarajiwa kulima misimu miwili kwa mwaka. Basi Wizara ya Kilimo itangaze kiasi cha kuagizwa kabla hatujapandikiza, vibali vikome Oktoba, na fedha za kununua mpunga wetu ziwe tayari kabla madalali hawajapita.

Mkulima wa mpunga,
Wang'uru, Kirinyaga