Mwaka wa nchi ya kubuni uhesabiwe kwa mvua, upepo na mwezi wake

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua niseme na vijana wanaoandika hadithi za nchi za kubuni, zenye uchawi, majini na falme ambazo hazijapata kuwepo, na pia niseme na wahariri wanaozipokea. Hadithi hizo nazisoma kwa furaha kubwa. Kinachonisikitisha ni kwamba mwandishi hubuni milima, koo za wafalme na hata namna ya moto usiozimika kwa maji, kisha huchukua Januari hadi Desemba, akaipa miezi hiyo majina mageni, akaamini kwamba amekwisha kutunga kalenda. Chini ya majina hayo mwaka unabaki uleule unaotundikwa kwenye ukuta wa ofisi, na msomaji anautambua kabla ya sura ya pili.

Kalenda hutokana na haja ya watu kujua jambo fulani mapema: mvua itanyesha lini, bahari itakupwa lini, deni litalipwa lini. Wanaocheza mchezo wa kuigiza visa vya kubuni uitwao Dungeons & Dragons wanaijua kalenda ya Harptos, iliyobuniwa kwa ajili ya ulimwengu mmoja wa mchezo huo, Forgotten Realms. Ina miezi 12 ya siku 30, kila mwezi umegawanywa katika mafungu matatu ya siku kumi kumi badala ya wiki, na siku 5 za sikukuu zimewekwa baina ya miezi bila kuhesabiwa katika mwezi wowote, na kila mwaka wa nne huongezwa siku moja zaidi. Wengi huisifu kama ubunifu wa mbali. Mimi nilipoisoma mara ya kwanza nilimkumbuka babu yangu, kwa kuwa mwaka wa Nairuzi, yaani mwaka wa jua wa watu wa pwani, ambao watu wa Makunduchi huko Unguja wanaupokea hadi leo kwa sherehe ya Mwaka Kogwa kila Julai, una siku 365 zilizohesabiwa kwa miongo, yaani siku kumi kumi, na miongo 36 ikitimia hubaki siku 5 za kuufunga mwaka.

Watu wa pwani waliuhitaji mwaka huo kwa sababu mwezi wa kuandama haufuati mvua wala upepo. Miezi 12 ya mwandamo hutimiza siku 354 hivi, kwa hiyo Ramadhani huweza kuangukia masika, na miaka michache baadaye ikaangukia kaskazi. Mfunguo mosi, mfunguo pili na kuendelea, yaani miezi ya mwandamo inayohesabiwa baada ya Ramadhani, ilitosha kwa ibada, lakini mkulima na nahodha walihitaji hesabu ya jua. Kalenda mbili zikaishi katika nyumba moja, na hakuna aliyeona ajabu. Hata majina ya siku zetu yana alama ya kukutana kwa hesabu mbili: Jumatano ni ya tano kwa kuhesabu kutoka Jumamosi, na Alhamisi inayoifuata maana yake kwa Kiarabu ni ya tano vilevile. Mwandishi anayetaka nchi yake ionekane imekaliwa na watu kwa karne nyingi aiachie kalenda yake makovu ya namna hiyo.

Na ajaribu kuona hesabu inavyozaa kisa. Mwaka wa Nairuzi hauna siku ya kuongeza, hivyo hulitangulia jua kwa takriban siku moja kila miaka minne. Tuseme katika nchi ya kubuni mganga mkuu aliweka agano na mizimu kwamba mvua itaanza kunyesha siku ya kwanza ya mwaka, naye akaandika agano kwa tarehe. Baada ya miaka 400 tarehe hiyo imetangulia kwa zaidi ya miezi mitatu, agano linadai mvua katikati ya kiangazi, na wanaotaka kuirekebisha kalenda wanaambiwa kwamba wanavunja agano. Sioni haja ya kumwongeza joka hapo.

Wengi pia hupenda kuweka miezi miwili angani na kuishia kwenye kuisifia mianga yake. Bahari ya nchi hiyo iko wapi? Mvuvi wa kwetu anajua kwamba bamvua, yaani maji kujaa na kupwa sana, huja mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, na kwamba katikati yake ni maji mafu, yasiyojaa wala kupwa sana. Ikiwa mwezi mmoja huandama kila siku 20 na mwingine kila siku 30, miezi hiyo itaandama pamoja kila siku 60, na siku hizo maji yatapanda kuliko kawaida, nyumba za ufukweni zitajengwa juu ya nguzo, na uchawi unaotegemea maji utakuwa na nguvu ambayo kila mtoto anaweza kuihesabu kwa vidole. Mwajiri naye ataulizwa mshahara wa mwezi ni wa mwezi upi.

Kwa wahariri nina ombi linalotokana na lililonipata. Katika hadithi yangu moja, kafara ilitolewa usiku wa Ijumaa, na katika nchi niliyoibuni, kama ilivyo kwa wazee wa pwani, siku huanza jua linapozama, kwa hiyo usiku huo ni ule unaotangulia mchana wa Ijumaa. Mhariri mmoja aliona nimekosea, akausogeza mbele hadi baada ya mchana huo, na mhusika aliyeuawa mchana wa Ijumaa akatokea kafarani akiwa hai. Hadithi ilichapishwa hivyo. Iliniuma, kwa sababu msomaji aliona uzembe mahali ambapo mimi nilikuwa nimekesha nikihesabu.

Gazeti lako linapochapisha hadithi za aina hii, naomba lichapishe pembeni kijisanduku kidogo chenye hesabu ya kalenda ya mwandishi: siku huanza saa ngapi, mwezi una siku ngapi, nani hutangaza mwandamo, na siku zinazobaki mwishoni mwa mwaka ni za nani. Mwandishi asiyeweza kukijaza kijisanduku hicho arudishiwe hadithi yake kwa upole, na apewe muda.

Wako,
Mwandishi wa hadithi za vijana,
Tanga