Hekalu la Thanjavur na majina ya mafundi wa Iringa

Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua nieleze jambo linaloniuma kila nipitapo mtaa wa Uhindini hapa Iringa, ambako nyumba kongwe za biashara na za ibada hupigwa lipu mpya, na nyingine kubomolewa, pasipo mtu kuuliza ni mafundi gani waliozijenga.

Nimefanya kazi ya uashi tangu ujana wangu, na jengo lililonifundisha kuuliza swali hilo nimelijua kwa vitabu na picha tu. Ni hekalu la Brihadisvara, la mungu Shiva, katika mji wa Thanjavur kusini mwa India, lililojengwa kwa amri ya Rajaraja wa Kwanza, mfalme wa ukoo wa Chola, na kukamilika mwaka 1010. Mnara wake, uliosimama juu ya chumba kitakatifu, una tabaka 13 na kimo cha zaidi ya mita 60, nao umejengwa kwa mawe ya itale yaliyochongwa yakafungamana bila chokaa ya kuyashika. Itale tunaijua sisi wa Iringa, maana ndiyo miamba ya Gangilonga, na yeyote aliyewahi kuipiga tindo anajua inavyokula chuma. Lakini Thanjavur iko katika delta ya mto Kaveri, penye mashamba ya mpunga na udongo mtupu, kwa hiyo mawe hayo yalisafirishwa kutoka mbali. Wenyeji husimulia kwamba jiwe la kileleni lilivutwa juu ya mteremko wa udongo ulioanzia kilomita kadhaa nje ya mji. Wataalamu hawakubaliani kuhusu simulizi hilo, ila kwangu mimi hata kupandisha mawe ya kawaida hadi kimo hicho, bila mashine, ni kazi ya kuvuliwa kofia.

Chumba kitakatifu kimezungukwa na kuta mbili zenye ujia katikati. Humo mna michoro ya enzi za Chola ambayo ilifunikwa na michoro ya watawala wa Nayak waliokuja baadaye, ikafichika hadi mwaka 1931. Ghorofa ya juu ya ujia huo imechongwa mikao ya ngoma ya kale, ambayo kwa jumla ni 108, lakini iliyokamilika ni 81 tu, na mawe yaliyosalia yamebaki matupu. Hayo matupu ndiyo niyatazamayo zaidi, kwa kuwa hapo naona mahali fundi alipoweka tindo chini.

Lililo kubwa kuliko yote, hata hivyo, ni maandishi. Rajaraja aliagiza kwamba zawadi zilizotolewa na yeye, na dada yake, na wake zake, na watu wengine, zote zichongwe kwenye jiwe. Kwa hiyo msingi na kuta za hekalu zimejaa hesabu kwa lugha ya Kitamil: wachezaji ngoma 400, kila mmoja kwa jina lake, hekalu alikotoka, nyumba aliyopewa na mpunga aliostahili; wapiga ala, wahasibu, washonaji na vinyozi; na mjenzi mkuu mwenyewe, Kunjaramallan Rajaraja Perunthachan. UNESCO ililiingiza hekalu hilo katika urithi wa dunia mwaka 1987, na kinyozi wa miaka elfu moja iliyopita bado anasomeka ukutani.

Sisi tunaye nani? Katika Boma la Wajerumani, ambalo sasa ni makumbusho, na katika majengo ya jumuiya zenye asili ya India, tunaambiwa aliyetawala na aliyetoa fedha. Aliyechanganya chokaa na kushika timazi hatajwi. Nawaomba wenye majengo hayo, pamoja na wasimamizi wa makumbusho, wawatafute wazee waliofanya kazi chini ya mafundi wale, waandike majina yao wangali hai.

Mimi ninayo majina saba niliyopewa na mzee aliyenifundisha kazi, na niko tayari kuyapeleka popote yatakapopokewa. Ombi langu ni kwamba yachongwe kwenye jiwe, yasiandikwe kwa rangi, kwa maana rangi hapa kwetu haivuki misimu mingi ya mvua.

Fundi mwashi mstaafu,
Iringa