Taarifa ya Mwenyekiti kwa Wanachama, Mwaka 2025: Kauli ya Kwanza na Kauli ya Mwisho

Ndugu wanachama,

Hesabu za ada na matumizi atazisoma mhazini, mimi sizigusi. Taarifa hii ni ya kazi yenyewe: kufuatilia kesi za jinai za watu wasio na mawakili. Kesi zilizo mbele ya mahakama hivi sasa nitaziacha zilivyo. Vifungu vya Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya Tanzania, Sura ya 20, nimevitaja kwa namba tulizozizoea. Toleo la 2023 la sheria zetu limehamisha baadhi ya namba hizo, kwa hiyo usimwandikie mtu barua kabla ya kulifungua.

Ibara ya 107A ya Katiba inasema mamlaka yenye kauli ya mwisho ya utoaji haki ni Mahakama. Wengi huishia hapo. Ibara ya 59B nayo inampa Mkurugenzi wa Mashtaka, DPP, uwezo wa kufungua, kuendesha na kusimamia mashtaka yote nchini bila kuingiliwa na mtu, ila azingatie haki, maslahi ya umma na kuzuia taratibu za haki zisitumiwe vibaya. Yaani kauli ya mwisho ni ya hakimu, ya kwanza ni ya DPP, na kati ya kauli hizo mbili ndipo watu wetu wanapolala mahabusu.

Tazameni kesi ya mauaji siku ya kwanza. Mshtakiwa anasomewa shtaka katika mahakama ya chini, kisha anaambiwa hatakiwi kujibu chochote kwa kuwa mahakama hiyo haina mamlaka ya kusikiliza kesi ya namna hiyo. Wakili wa Serikali anaeleza kuwa upelelezi haujakamilika na kuomba tarehe nyingine ya kutajwa. Inapangwa, hati ya mahabusu inasainiwa, basi la Magereza linaondoka. Baada ya wiki mbili hivi maneno ni yale yale. Hakimu hana cha kupima, maana jalada la upelelezi haliko mezani kwake.

Kwa makosa mengi ambayo mahakama ya chini inaweza kuyasikiliza, sheria imeweka saa ukutani, nasi ndio tunaosahau kuitazama. Kifungu cha 225 kinakataza kuahirisha kesi kwa jumla ya zaidi ya siku 60 kwa sababu ya upelelezi, isipokuwa iwasilishwe hati ya kueleza haja ya kuahirisha: ya kwanza ya Mkuu wa Upelelezi wa Mkoa, inayofuata ya Wakili wa Serikali, ya mwisho ya DPP au aliyemkasimu, na hiyo ya mwisho haiwezi kuvusha kesi miezi 24. Hati isipokuwepo, mahakama isikilize kesi, au imwachie mshtakiwa upande wa mashtaka ukishindwa kuendelea. Kuna makosa yaliyotolewa kwenye kanuni hii, yasomeni kabla ya kumpa ndugu wa mshtakiwa matumaini. Lakini pale kanuni inapohusika, kinachoangusha kesi zetu ni hesabu tu: hakuna aliyeandika tarehe ya kwanza, mshtakiwa hajui kuwa anaweza kunyoosha mkono na kuuliza hati iko wapi, na hakimu mwenye mlundikano wa mafaili asubuhi moja hahesabu kwa niaba yake. Marekebisho ya 2022 yaliongeza kwamba, makosa makubwa yakiwekwa kando, hati ya mashtaka isipelekwe mahakamani kabla upelelezi haujakamilika.

Neno lililotusumbua kuliko yote ni "kuachiwa". Magazeti huandika "aachiwa huru" kwa mambo mawili yasiyofanana. DPP akiiondoa kesi chini ya kifungu cha 91, wakati wowote kabla ya hukumu, haombi ridhaa ya mahakama, na kuachiwa huko hakumzuii mshtakiwa kushtakiwa tena, ingawa sasa sheria imeweka masharti kabla hajakamatwa upya. Mwendesha mashtaka akiiondoa chini ya kifungu cha 98, ridhaa ya mahakama inahitajika. Ikiwa mshtakiwa ameshaitwa kujitetea, anaachiwa huru moja kwa moja na hashtakiwi tena kwa kosa lile. Majirani zetu Wakenya wameamua tofauti: Ibara ya 157 ya Katiba yao ya 2010 inamtaka DPP apate ruhusa ya mahakama kabla ya kuiondoa kesi yoyote. Binafsi naona wametushinda hapo.

Kwenye dhamana, mahakama zetu zimeonesha kwamba zinaweza kumwambia DPP hapana. Kifungu cha 148(4) kilimruhusu kuzuia dhamana kwa hati yake tu. Mahakama Kuu ilikibatilisha mwaka 2015, na Mahakama ya Rufani ikaunga mkono mwaka 2018. Kifungu cha 148(5), kinachotaja makosa yasiyo na dhamana yakiwemo mauaji, uhaini na utakatishaji fedha, kilibatilishwa na Mahakama Kuu Mei 2020, lakini Agosti ya mwaka huo huo Rufani ikakirudisha. Ndiyo maana shtaka moja la utakatishaji likiongezwa kwenye hati, mlango wa dhamana unafungwa hata kama mengine yote yanadhaminika. Someni hati ya mashtaka kosa kwa kosa.

Kwa yanayodhaminika, kikwazo ni karatasi. Wadhamini hufika na barua ya serikali ya mtaa isiyo na muhuri, au yenye jina lisilolingana na kitambulisho cha NIDA, na hakimu ameshainuka. Ikiwa Ijumaa, mtu analala ndani hadi Jumatatu. Barua na nakala ziwe tayari tangu jana yake.

Kesi za uhujumu uchumi zina kasoro yake. Katika mahakama ya chini zinahitaji ridhaa ya DPP na hati ya kuipa mahakama mamlaka. Hati ya kifungu cha 12(3) cha Sheria ya Uhujumu Uchumi ni ya makosa ya uhujumu peke yake. Yakichanganywa na mengine, inatakiwa ya 12(4). Hati ikikosekana, mwenendo mzima unaweza kufutwa kwenye rufaa baada ya miaka ya kifungo, na mlalamikaji naye akabaki mikono mitupu.

Makubaliano ya kukiri kosa, yaliyoingizwa mwaka 2019, msiyashawishi wala kuyapinga. Mahakama haishiriki mazungumzo. Kazi yake ni kuhakikisha mtu amekubali kwa hiari. Mwambieni mshtakiwa apate wakili kabla ya kusaini, kwa sababu sisi si mawakili, na kwa Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 hatumwakilishi mtu mahakamani.

Baadhi yenu mlipendekeza chama kifungue shauri la kikatiba. Marekebisho ya 2020 yalimtaka mwombaji aape jinsi jambo hilo lilivyomgusa yeye mwenyewe, lakini Mahakama ya Rufani ilibatilisha sharti hilo mwaka 2025. Kabla ya hapo chama peke yake hakikutosha. Hata sasa ni vyema tuwe na mtu aliyeumizwa na aliye tayari kusimama.

Kuanzia Januari kila tawi litafungua daftari la safu tano: namba ya kesi, tarehe ya shtaka la kwanza, kosa na kifungu, hati zilizowasilishwa na aliyezisaini, tarehe ijayo. Siku ya 50 katibu wa tawi amkumbushe mshtakiwa au ndugu zake. Nakala zimfikie katibu mkuu kila mwisho wa mwezi.

Mwenyekiti