Kwa Kina Mama na Baba Jayden wa Bungoma: Barua ya Wazi

Wanangu,

Nawasalimu kutoka hapa Kimilili. Tangu mkutano wa wazazi wa chekechea mmekuwa mkibishana kuhusu maana ya Jayden, na kila mmoja ananipigia simu nimuunge mkono. Mmoja kasema ni "Mungu amesikia." Mwingine, "mwenye shukrani." Wa tatu ameapa kwamba ni Kiebrania safi, amekisoma mwenyewe kwenye simu. Nilifundisha darasa la kwanza miaka mingi, nikaita rejista za watoto na kabla yao za wazazi wao, kwa hiyo mtaniruhusu niseme kama kukhu wenu, yaani nyanya yenu.

Kwenye Biblia yupo Yadoni Mmeronothi, Nehemia 3:7, mmoja wa waliojenga upya ukuta wa Yerusalemu. Anatajwa hapo tu, kisha anapotea. Hata maana ya jina lake wasomi wanavutana: kuna wanaolihusisha na kuhukumu, kuna wanaosema kushukuru. Lakini si huyo aliyetujazia Jayden kwenye rejista. Jayden wetu ni jina la Wamarekani, la juzijuzi. Wao walikuwa na Aidan, jina la Kiayalandi lenye asili ya neno la moto. Mtawa mmoja maarufu aliyeitwa hivyo alikufa mwaka 651. Likapendwa, likaanza kuandikwa Aiden, masikio yakanogewa na mlio wa mwisho, basi yakafuatana: Hayden, Brayden, Kayden, Jayden. Mwigizaji Will Smith na mkewe Jada walipopata mtoto wa kiume mwaka 1998 walimwita Jaden, wakitoa kwenye jina la mama. Mwaka 2010 na 2011 Jayden lilikuwa la nne katika orodha ya serikali ya Marekani ya majina ya watoto wa kiume. Kwetu lilikuja na televisheni na simu. Hakuna nabii hapo. Lilipendwa kwa sababu linatamkika vizuri, na mzazi anayeniambia "nililipenda tu, kukhu" namheshimu kuliko anayelibandika Kiebrania cha mitandaoni.

Jaxon ndilo linalonichekesha zaidi. Ni Jackson lililotiwa x. Jackson ni mwana wa Jack, Jack ni John wa kuitana nyumbani, na John ni Yohana. Kwa hiyo wewe uliyekataa kumwita mtoto Yohana, jina la babu yake, eti limezeeka, babu amekuzunguka akaingilia mlango wa nyuma.

Wazee wenzangu wanaowalaumu kwa kupindapinda tahajia, mimi siko nao. Barasa ni nini kama si baraza? Mtoto alizaliwa siku ya mkutano, na Lubukusu, lugha yetu, haina z, basi akawa Barasa, na leo ni jina la heshima. Wamisheni wa kanisa la Friends (Quaker) walifika Kaimosi mwaka 1902, na majina ya vitabu vyao kila lugha ya huku iliyatafuna kwa meno yake. Mama zenu nao ni kina Jackline, ambalo Wafaransa huandika Jacqueline. Kina Everlyne, kina Loice, na Jentrix wamejaa kuanzia Webuye hadi Chwele. Hakuna aliyewafukuza kanisani. Kila kizazi huandika kilivyosikia.

Linalonikera ni jingine. Siku hizi naletewa cheti kimeandikwa Jayden Ethan Kevin. Kevin ndiye baba. Nikisoma hivyo sijui mtoto ni wa nyumba gani, alizaliwa msimu gani, wala aliachiwa jina na nani. Mtoto akiitwa Nafula najua mvua ilikuwa inanyesha. Nasimiyu alikuja kiangazi, Nekesa wakati wa kuvuna, Wanyonyi watu wakiwa shambani wanapalilia. Jirani zetu Wajaluo wanakwenda na saa: Akinyi asubuhi, Achieng jua likiwa kali, Atieno usiku. Mnaniambia Nanjala ni aibu kwa sababu ni njaa. Aibu ya nani? Mtoto alizaliwa ghala likiwa tupu na akaishi. Hilo ni jambo la kujivunia. Na Wamalwa je, jina la pombe? Michael Kijana Wamalwa alilivaa akaapishwa kuwa Makamu wa Rais mwaka 2003, na sikusikia aliyecheka.

Ninyi wenye wavulana, Agosti ya mwaka wa shufwa, msimu wa tohara yetu Wabukusu, haikwepeki. Siku moja huyo Jayden atatoka mtoni alfajiri amepakwa matope mwili mzima, watu nyuma yake wanaimba sioyaye, wimbo wa tohara, na wazee uani watataka kujua huyu ni mtoto wa ukoo gani, amebeba jina la nani. Mtajibu Ethan?

Sasa tahajia. Andikeni mpendavyo, lakini andikeni namna moja. Nimeona kitabu cha kliniki kinasema Jayden, karatasi ya hospitali Jeiden kwa sababu nesi aliandika alivyosikia, kadi ya ubatizo Jaydon, na shuleni mtoto ni Jaden. Huyo ni mtoto mmoja! Akifika Gredi ya 6 na kusajiliwa kwa mtihani wa KPSEA, jina linalofuatwa ni la cheti cha kuzaliwa, na hapo ndipo mnaanza kukimbizana na mwalimu mkuu. Darasani kwangu walikuwapo watatu kwenye dawati moja, Jayden, Jaiden na Jeyden, na madaftari yao yalizunguka kama mpira. Mmoja aliandika Jeiden kwenye jalada la daftari. Mama yake akalifuta kwa hasira mbele yangu, mtoto akalia. Nilimtetea, maana nilikuwa nimemfundisha mwenyewe kwamba Kiswahili unaandika unachosikia, na alichosikia ndicho alichoandika. Wenye Jaxon wana kazi zaidi: x haimo katika abjadi ya Kiswahili, kwa hiyo mfundisheni nyumbani kabla hajaja kuniuliza mimi au mwalimu aliyechukua nafasi yangu.

Kwa hiyo kabla ya kutuma maombi ya cheti cha kuzaliwa, kaeni wawili mezani, mliandike kwenye karatasi kwa herufi kubwa, na karatasi hiyo ndiyo iende kila mahali. Msimwachie nesi wala naibu wa chifu akisie. Jina la nyumbani liwe humo humo, katikati au mwisho, mtakavyo. Mkiwa mmeshakosea, sheria ya usajili wa vizazi inampa mzazi miaka miwili tangu mtoto aliposajiliwa kwenda kuandikisha jina lililobadilishwa, kwa ada na ushahidi. Mkichelewa zaidi ya hapo, mtatafuta wakili awaandikie hati ya kubadili jina, isajiliwe, itangazwe katika Gazeti Rasmi la Serikali. Fedha hizo ni heri mnunue mbolea.

Na wewe wa nyumba ya pili kutoka kwangu, uliyejifungua msichana juzi mvua ikipiga mabati hadi hatukusikilizana, nasikia bado unatafuta jina kwenye simu. Jaylene ni sawa, mweke mbele. Nyuma yake andika Nafula, halafu unilete hicho kitabu cha kliniki Jumamosi nione kama wameandika y au i.

Kukhu wenu,
Kimilili