Kabla hamjaenda komini

Lubumbashi

Mwanangu mpendwa,

Habari za Kolwezi? Baba yako amenieleza kwamba mahari imekamilika na wazee wa upande wa binti wameridhika. Nimefurahi mno. Sasa, kabla hamjaenda komini, yaani ofisi ya serikali mtakakoandikisha ndoa, yako mambo ya sheria ninayowafundisha watoto wa watu kila mwaka, na wewe wangu sijawahi kukuketisha nikakueleza.

Wengi watakuambia kuwa mume ndiye kichwa cha nyumba. Kifungu cha 444 cha Sheria ya Familia ya Kongo yetu kinasema hivyo mpaka leo. Lakini sheria ya 1987 ilimwamuru pia mke amtii mumewe, na kifungu cha 448 kilimtaka aombe ruhusa yake kabla ya kuingia mkataba. Marekebisho ya Julai 2016 yaliondoa utii huo na ruhusa hiyo. Siku hizi mume na mke wanalindana, na mikataba wanaiafikiana. Bado nakutana na wanasheria wanaonukuu maneno ya zamani kana kwamba hakuna kilichobadilika, na hilo linaniudhi sana.

Linalonikaa moyoni zaidi ni uzazi. Sheria ya afya ya Desemba 2018, kifungu cha 82, inawataka wanandoa wakubaliane kuhusu njia ya kupanga uzazi. Wasipopatana, neno la yule anayehusika ndilo linalotangulia. Maana yake, mkeo akitaka sindano au kipandikizi na wewe hutaki, neno lake litapita lako. Hata hivyo nimewasikiliza akina mama waliofika kituo cha afya wakaambiwa, “Leta kwanza bwana yako.” Mama wa namna hiyo haendi mahakamani. Anarudi nyumbani, na baada ya miezi michache ana mimba aliyojaribu kuizuia. Ndiyo maana siku hizi napenda kuzungumza na wauguzi kuliko na mahakimu.

Kuna na Mkataba wa Maputo wa 2003, ule wa Afrika juu ya haki za wanawake. Kifungu chake cha 14 kinaruhusu mimba itolewe na daktari ikiwa imetokana na kubakwa au na ndugu wa damu, au inapohatarisha afya ya mama. Nchi yetu iliutangaza katika Gazeti Rasmi Machi 2018, na Katiba, kifungu cha 215, inaweka mikataba ya namna hiyo juu ya sheria za kawaida. Sheria ya jinai nayo ingali inatishia kifungo. Juu ya mgongano huo ndiko ninakoandika, na kanisani wapo wasionisalimia tena. Sitaacha. Msichana aliyebakwa hana muda wa kungoja tumalize kubishana.

Siku ya komini mtaulizwa pia juu ya mali. Mkinyamaza, mtawekwa kwenye utaratibu wa kumiliki pamoja mtakachochuma ndani ya ndoa. Zungumzeni mapema.

Msalimie mkwe wangu. Mwambie nitampigia Jumapili, kifungu cha 82 nataka nimsomee mwenyewe.

Mama yako